Niliomba Kiwanda Chako Kifungwe

Fordsburg, Johannesburg, Ijumaa alasiri

Saumu mwanangu,

Asubuhi umepita hapa dukani kuchukua mkasi wako mdogo na zile sindano nyembamba. Umesema, "Shikamoo Baba," nami nikaitikia puani huku nimeinamia koti la watu. Ukasimama kidogo pale mlangoni. Halafu ukasema, "Sharp, Baba, tutaonana nyumbani," ukashuka ngazi. Hilo koti lenyewe nilikuwa nimelishika juu chini, wala sikuwa nashona kitu.

Kesho unapanda ndege kwenda Italia na mimi sijakupa radhi. Ulipokuja kupiga magoti mbele yangu kuiomba, kama mama yako alivyokufundisha, niliendelea kutunga uzi kwenye sindano. Nikasema, "Nenda tu, si umeshaamua." Mama yako alikuwa amesimama jikoni, akasikia, na tangu siku hiyo chai yangu inawekwa mezani bila neno. Basi nakuandikia. Nikisema kwa mdomo nitalia, nikilia utaghairi safari, na ukighairi nitafurahi. Ndiyo shida yenyewe hiyo.

Nakuandikia Kiswahili kwa makusudi. Najua wewe na Kiswahili mnasalimiana kwa mbali. Nakusemesha, unanijibu Kiingereza, na ukiwa na hasira unanijibu Kizulu ili nisipate la kusema. Lakini kusoma unajua, nilikufundisha mwenyewe. Basi soma kwa sauti. Ukikwama rudia, utanisikia. Mambo ya koti zito, dawa ya kifua na nyama ipi usiile, mama yako ameshakwambia mpaka masikio yamekuuma. Mimi siyarudii.

Nina jambo nililolifanya na wewe hulijui. Ngoja nilianzie mwanzo, maana nikilisema hivi hivi utafikiri baba yako amerukwa na akili.

Sinyori ndiye aliyelianzisha. Yule mzee wa Kiitaliano wa kule Randburg tunamwita Sinyori kwa sababu jina lake hakuna aliyewahi kulitamka sawasawa. Miaka yote amekuwa akituuzia mafundi wa Fordsburg vitambaa vya suti, sufu safi kutoka viwanda vya Biella, mji wa kwao. Siku ile alileta jora limetobolewa na nondo, amekata tamaa nalo. Papa Kalume akawa wa kwanza kusema. Wewe unamjua alivyo, fundi cherehani wa Uvira asiyeweza kuona jambo akanyamaza. Akamwambia, "Sinyori, peleka kwa mutoto. Huyu mutoto iko na mikono."

Ukakaa na lile jora wiki nzima, unalitililia tundu baada ya tundu kwa uzi uliouchomoa pembeni mwa kitambaa chenyewe. Sinyori aliporudi alivaa miwani, akaivua, akaifuta, akauliza matundu yalikuwa wapi. Ukacheka, "Eish, hata mimi nimesahau." Akakata kipande akampelekea mpwa wake, ambaye katika kiwanda kimoja cha kwao ni mkubwa wa chumba cha wanawake wanaorekebisha makosa ya kitambaa kwa mkono. Na mimi je? Nilijisifu, mwanangu we! Nilikwenda duka kwa duka Mint Road kuwaambia Wahindi na Wapakistani kwamba kazi ya binti yangu imepelekwa Italia. Kwangu mimi ilikuwa sifa tu. Sikufikiri kwamba nyuma ya kipande watakuita na wewe.

Mkataba wao wa kukuajiri ulipokuja nikageuka. Nikaanza kumhoji Sinyori habari za viwanda vya kwao, kama mtu anayeuliza ukoo wa mposaji. Naye hajui kusema uongo, ndiyo maana biashara yake imebaki ndogo. Aliketi hapa kwenye stuli ninayoiangalia sasa, akaanza kuhesabu misiba.

Alisema Biella alikozaliwa ilikuwa na moshi na kelele, viwanda vimepanga mstari kando ya mto. Sasa vingi ni magofu yenye madirisha yaliyovunjika, na vilivyobaki vinahema. Watu wa Ulaya hawavai suti tena, wanakwenda harusini na raba. Wachina waliokuwa wakinunua kwa pupa wamefunga mikoba yao. Gesi ya kuchemshia rangi ilipanda tangu vita vya huko Ulaya na haikurudi ilikokuwa. Yale majumba makubwa ya mitindo yanaagiza kidogo kidogo, tena yanabana bei mpaka mwenye kiwanda anafuma kwa ajili ya kulinda jina tu. Wafanyakazi wanaitwa siku chache za wiki. Siku nyingine wanakaa nyumbani, serikali inawafidia sehemu ya mshahara, wanangoja simu.

Nikamwuliza, "Sasa mwanangu wanamtakia nini?"

Akasema, "Macho."

Akanieleza kwamba wanawake wa kile chumba wamezeeka. Wamekaa miaka na miaka wanapitisha kitambaa kwenye mwanga, wakitafuta uzi mmoja uliokatika katikati ya maelfu, na sasa wanastaafu mmoja mmoja. Mabinti wa pale hawataki kuikalia kazi ile. Mashine mpya zinakimbia mno na zinakosea zaidi, na kosa la uzi halirekebishwi na mashine. Kwa hiyo kiwanda kinakosa oda na papo hapo kinakosa macho.

Macho! Wallahi nilitaka kumtupia pasi. Maana macho hayo na mimi nayahitaji. Wewe unajua, ingawa hukuwahi kunisema mbele ya mtu, kwamba siku hizi uzi mweusi juu ya kitambaa cheusi siuoni tena. Suti nyeusi zote unazishona wewe, mimi napiga pasi na kupokea pongezi. Ukiondoka, nitabaki na vifungo.

Lakini nilisema hivyo? Sikusema. Nilijivika huruma. Nikakwambia mezani, "Saumu, hawa watu wanafunga. Unakwenda kuhamia nyumba inayobomoka." Nikayarudia maneno ya Sinyori yote, ya gesi, ya Wachina, ya magofu, nikaongeza na chumvi yangu. Ukanisikiliza mpaka mwisho. Kisha ukasema, "Baba, na hapa Joburg nani anavaa suti?"

Zamani vijana wa hapa walikuwa wakiacha lebo ya Italia kwenye mkono wa koti ili kila mtu aione, na ukimwambia hiyo hutolewa anakununia. Leo hata lebo hawana. Papa Kalume mwenyewe anakula kwa sare za shule na magauni ya kwaya. Ukaendelea, polepole, kwa Kiswahili chako cha kuokota okota, "Kama hii kazi inakufa, Baba, wacha nikaione kwao kabla haijafa." Nikanawa mikono nikaondoka mezani. Nilijua umeshinda, nami sipendi kushindwa.

Sasa sikia nilichofanya.

Kesho yake nilikwenda kwa Ustadhi, yule wa kwetu Tanga anayesomesha watoto hapa nyuma ya msikiti. Nikamwambia nataka halbadiri. Hilo neno huenda hulijui. Ni kisomo cha kumwapiza mwizi au dhalimu, kule pwani mtu akiibiwa akitangaza tu kwamba atasoma halbadiri, asubuhi anaikuta mali yake mlangoni. Ustadhi akashtuka, akadhani tumevunjiwa duka. Akaniuliza, "Nani amekuibia, Fundi Bakari?"

Nikasema, "Kiwanda cha sufu, Italia."

"Wamekuibia nini?"

"Wananichukulia mwanangu."

"Kwa nguvu?"

"Kwa mkataba."

Lahaula! Ustadhi alicheka mpaka akavua kofia. Akasema nilete na anwani yao basi, maana kisomo kisije kikapotea njia kikaangukia Ufaransa. Halafu akaniangalia usoni akaacha kucheka. Akaniambia halbadiri haichezewi. Mtu akiisoma bila haki humrudia mwenyewe na watu wake. "Nenda nyumbani," akasema, "kale na mwanao kabla hajaondoka."

Sikwenda nyumbani. Niliingia msikitini, nikakaa peke yangu kwenye kona, nikainua mikono. Saumu, niliomba kile kiwanda kifungwe. Nilikitaja. Niliomba oda zikauke, mashine zisimame, mpwa wa Sinyori akupigie simu akwambie samahani hakuna kazi. Wale bibi waliochoka macho sijawahi kuwaona, hawajanikosea, nami nikaombea mkate wao uanguke mchangani ili wewe ubaki nyumbani Malvern, tupande taxi pamoja asubuhi. Nilipotoka nikajipoza moyo, nikasema si kitu, dua la kuku halimpati mwewe.

Haukupita muda ikaja ile barua pepe. Ulikuwa jikoni, simu mkononi, mama yako anakaanga mandazi. Ukasoma kimya, nikaona uso wako unashuka. Oda zimepungua, wamesema. Mkataba wa miaka miwili umekuwa wa miezi michache, siku za kazi zimekatwa, mengine yataangaliwa mbele ya safari. Nikakiweka kikombe mezani. Niliyaomba mwenyewe, na yamekuja yamekupiga wewe. Mchuma janga hula na wa kwao. Najua utasema gesi na Wachina hawakungoja dua ya fundi wa Fordsburg, na Papa Kalume naye amesema hivyo hivyo. Akili yangu inakubali. Moyo bado.

Na hapo, badala ya kukushika bega, nilisema nini? Nilisema, "Si nilikwambia?" Lile neno ndilo linaloniuma kuliko yote. Ukaweka simu mezani ukasema unakwenda hivyo hivyo, hata kama ni kwa mwezi mmoja. Siku ile ile ukaenda kulipa nauli.

Nimekuwa nikikwambia naogopa kiwanda kifungwe ukwame ugenini. Uongo mtupu. Ninachoogopa ni kwamba hakitafungwa. Kikifungwa utarudi. Kisipofungwa, watakuongezea mkataba, utapata chumba, utapata marafiki, utaanza kuota kwa Kiitaliano, na siku moja utasema "nyumbani" na hutamaanisha huku. Nayajua haya kwa sababu nimeyafanya.

Nilimwambia mama yangu naenda miaka miwili. Alinipitisha chini ya msahafu pale mlangoni kwetu Ngamiani, Tanga, akanishika kichwa akasema, "Nimekuridhia, mwanangu, kavuke salama." Hakuuliza nauli nimeitoa wapi wala huko Sauzi nitakula nini. Nami nikaja, na miaka miwili ikazaa mingine. Kila nikipiga simu nilimpa habari njema. Duka zuri, mama. Nyumba kubwa, mama. Hakujua kwamba tulilala watu wengi chumba kimoja hapo Jules Street. Hakujua kwamba wenyeji waliwahi kuvunja maduka ya wageni nikajificha darini na Papa Kalume, tumeshikana mikono kama watoto. Hakujua kwamba karatasi yangu ya ukimbizi inaniruhusu kukaa na hainiruhusu kwenda na kurudi. Nilijiona namlinda. Kumbe nilimfanya asinijue. Yule Bakari aliyekuwa akimwombea dua kila alfajiri alikuwa mtu mwingine kabisa, tajiri mmoja wa Johannesburg ambaye hajawahi kuwepo.

Mama yangu alipofariki, wewe ulikuwa mdogo, unacheza na vifungo chini ya meza. Ami yako alishika simu karibu na kaburi ili nisikie. Nilisimama hapo kwenye kibaraza cha ngazi, nikasikia watu wanaitikia "amin, amin", na upepo, na majembe. Mteja mmoja akapanda ngazi akaniuliza kama suti yake imekwisha. Nikamwambia arudi jioni. Nikarudi ndani nikaimaliza, nikaitililia vizuri sana, huwezi kuamini. Mama yako aliponiuliza mbona sikufunga duka nikasema kazi ni kazi. Sikujua la kufanya na mikono yangu, Saumu. Hiyo ndiyo ilikuwa sababu.

Unajua sisi tunavyofanya. Tundu la mbele tunaliziba kwa uzi tuliouiba kwenye upindo wa ndani, mahali pasipoonekana. Mimi nilichomoa mno. Nilitaka mbele paonekane pazima, na ndani nikamwacha mama yangu bila mtoto. Kwa hiyo nakuomba jambo moja. Usinidanganye kwenye simu. Wakikukalisha nyumbani siku tatu kwa sababu hakuna oda, niambie. Wale bibi wakikunyanyapaa, niambie. Ukilia chooni, niambie umelia chooni. Sitasema "si nilikwambia". Nikilisema, nikatie simu, una ruhusa yangu.

Na kama kiwanda kitafungwa kweli, usione aibu kurudi mikono mitupu. Wengi tumekwama hapa kwa sababu ya aibu, si kwa sababu ya polisi. Papa Kalume alitaka kurudi Uvira miaka mingi iliyopita, akasema ngoja kwanza apate cha kushika mkononi, na hadi leo anangoja. Wewe una pasipoti, si karatasi kama yangu. Mlango ni uleule na kitanda chako mama yako amekataa kisiguswe. Lakini mimi kuja kukuona siwezi. Hilo tusidanganyane. Ukinitaka, ni wewe utakayekuja.

Jana Papa Kalume aliniona nimekaa tu, akazima cherehani. Akaniambia, "Fundi, mutoto haiko nguo, ati utamufunga mu kabati." Nikamwambia aniache. Akasema, "Sikuache. Mutoto ataenda na radhi ao bila radhi. Kama anaenda bila, ni weye utabaki nayo mu mukono, na haina kazi ingine." Alisema kweli. Radhi ya mzazi haiwekwi akiba.

Basi nimekuridhia, Saumu. Nimekuridhia kwa moyo, si kwa mdomo. Nimekuridhia uende, na nimekuridhia ukikaa. Kesho nitakushika kichwa mlangoni kama mama yangu alivyonishika mimi, na kama sitaweza kutamka kitu, ujue ni haya.

Leo baada ya swala ya Ijumaa watu walitoka, mimi nikabaki. Nikarudi kwenye kona ile ile, nikainua mikono, nikakitaja tena kile kiwanda. Nimewaombea oda. Nimeomba mabwana harusi wa Ulaya wazikumbuke suti, Wachina wafungue mikoba, gesi ishuke. Nimeomba mashine zao zisimame kwa kuchoka tu, na wale bibi wakupende, na mkataba wako waurefushe, kisha waurefushe tena. Niliomba muda mrefu mpaka mzee mmoja wa Kisomali aliyebaki nyuma akanisogelea, akaniwekea mkono mgongoni, akaniuliza kama nimefiwa.

Nikamwambia hapana, mwanangu amepata kazi.

Mimi niliyekuridhia,
Baba yako